Vipande vya Jamu Vyenye Chenga za Oti

Kabla hujapima unga wala kuwasha jiko, ichunguze jamu. Chota kijiko kikubwa kimoja, kiinamishe juu ya kisahani, uhesabu moja, mbili, tatu. Ikidondoka kabla hujafika tatu na kutambaa kisahani kizima, hiyo ni jamu ya kupaka mkate. Ukiioka jinsi ilivyo itatoa maji, kitako kitalowa, na vipande vyako vitaliwa kwa kijiko badala ya mkono. Ikining'inia kwanza, kisha ikaanguka kwa bonge na kutulia palepale, nusu ya kazi umeshaimaliza.

Watu wengi huyaanzia mapishi haya kwenye unga na siagi, na jamu wakaiona ni kitu cha kufungua chupa na kumimina. Nami nilianza hivyo. Trei ya kwanza niliyoipeleka kwa mama mkubwa, Tanga, siku ya Idi, ilipendeza kwa juu, chenga zimekolea rangi. Nilipokata, jamu ikatiririka hadi ukingoni mwa sinia, na chini unga ulikuwa umeshikana kama ugali uliokosa moto. Mama mkubwa ameoka mikate ya sinia kwa makaa tangu sijazaliwa. Alionja kidogo pembeni, akafuta vidole, akaniambia: "Mwanangu, unga wako hauna kosa. Maji ndiyo yamekushinda." Tangu siku ile, kila ninachofanya kwenye mapishi haya kina shabaha moja: kuyatoa maji, kisha kuyazuia yasirudi.

Kwa asiyewahi kuvila: chini kuna tabaka la unga wa ngano, oti, sukari na siagi lililoshindiliwa, katikati jamu, juu unga uleule, ila haukushindiliwa, umeachwa chenga. Naziita chenga kwa sababu ndivyo zilivyo, kama chenga za mchele, nyingine kubwa nyingine ndogo. Waingereza humwaga chenga za namna hii juu ya matofaa na matunda mengine, na inasemekana zilienea zaidi wakati wa Vita Kuu ya Pili, siagi na sukari zilipoanza kugawiwa kwa kadi Januari 1940. Kufunika matunda kwa chenga hula siagi na unga kidogo kuliko kuyafunga ndani ya unga uliosukumwa. Kanada nao wana vyao, vya tende katikati ya oti, na majimbo ya magharibi wanaviita keki ya ndoa. Hivyo vya tende nitavirudia, maana ndivyo vyepesi kuliko vyote na tende hazikosekani kwetu.

Jamu

Jamu huganda kwa sababu ya pektini iliyomo ndani ya tunda, ikisaidiwa na ugwadu na sukari. Kimoja kati ya vitatu hivi kikipungua, jamu inabaki rojorojo. Mapera yana pektini nyingi, vivyo hivyo ganda na kokwa za limao. Embe mbichi inayo. Embe ikiiva sana pektini yake huvunjika. Nanasi lina kidogo. Ndiyo maana jamu ya embe mbivu tupu, hata ukiipika mpaka mkono uchoke, hutoka tamu na nzito kama asali lakini haisimami.

Dawa yake ni kuchanganya. Chukua gramu 350 za nyama ya embe iliyoiva, dodo au bolibo, na gramu 150 za embe mbichi uliyoikwaruza. Tia sukari gramu 250 na maji ya limao moja kubwa. Zile kokwa za limao usizitupe: zifunge ndani ya kitambaa safi, zitumbukize humohumo, utazitoa mwishoni. Pika kwenye sufuria pana, maana mvuke unahitaji uwazi wa kutokea. Sufuria ndefu nyembamba huchelewesha kazi, na embe iliyokaa motoni muda mrefu hupoteza harufu.

Dakika kumi za kwanza hazina hatari. Mapovu ni mengi na mepesi, na unaweza kuacha mwiko ukamenya kitunguu cha mboga ya jioni. Baadaye mapovu hupungua, huwa makubwa, hupasuka kwa mlio mzito na kurusha matone. Hapo usiondoke. Koroga ukikwangua chini, na vaa mikono mirefu, kwa sababu tone la jamu inayochemka hugandia ngozi na kuunguza kuliko maji. Baada ya dakika ishirini na tano hivi, pitisha mwiko katikati ya sufuria kama anayechora njia. Ikiwa njia inaziba papo hapo, endelea. Ikiwa unaona chuma cha sufuria, kisha jamu inarudi polepole kutoka pande zote mbili, zima moto. Kwa mkate ningeitoa mapema zaidi. Kwa kuoka nataka njia hiyo.

Mwenye kipimajoto atumie akili kidogo. Dar es Salaam, Tanga au Mombasa, jamu huiva ikifika nyuzi 104 hadi 105. Lakini Nairobi ipo zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, na maji huko huchemka kwenye nyuzi 94 au 95. Ukiwa huko ukasubiri 105 utapata gundi iliyoungua. Popote ulipo, chemsha maji kwanza, soma kipimajoto, kisha ongeza nyuzi nne au tano. Hiyo ndiyo namba yako.

Ukipata plamsi za Lushoto, acha kila kitu uzitumie. Zina ugwadu wake zenyewe, ganda lake hutoa rangi nyekundu nzito, na ladha yake haimezwi na sukari ya chenga. Gramu 500 bila kokwa, sukari gramu 200, basi. Limao si lazima. Nanasi nalo ni tamu mno kwenye mapishi haya ukilifanyia subira: likatekate, likamue kwa mikono, maji yake yanywe, kisha kapike lile kapi lenyewe pamoja na ganda la limao lililokwaruzwa. Ukilipika na maji yake yote utasimama jikoni saa nzima.

Tende ni kazi ya dakika kumi. Gramu 250 zilizotolewa kokwa, maji mililita 150, limao moja, iliki mbili zilizotwangwa. Pika kwa moto mdogo ukiponda kwa mwiko mpaka ziwe laini kama unga wa maandazi. Sukari usitie hata punje. Hizi hazihitaji kuganda, kwa sababu tende yenyewe ni nzito na hunywa maji uliyoitilia.

Na kama unayo jamu ya dukani, haina shida, ila nyingi ni tamu kupita kiasi na laini. Mimina gramu 350 kwenye sufuria ndogo, kamulia nusu limao, ichemshe dakika tano hadi saba mpaka ipite ile hesabu ya kijiko. Itapungua hadi gramu 300, ambazo ndizo zinazotakiwa kwa trei.

Jamu yoyote ile, iache ipoe kabisa kabla ya kuigusisha na unga. Ya moto huyeyusha siagi.

Oti, na siagi isiyeyuke

Wengine huziita oti shayiri, lakini shayiri ni nafaka nyingine, ile inayotengenezewa bia. Dukani utakuta za aina mbili: zile bapa kubwa, ambazo punje nzima imebanwa ikawa kama sarafu ndogo, na zile zilizokatwakatwa ili ziive haraka. Nunua bapa. Zilizokatwa huvunjika zikawa kama unga, chenga zikakosa mtafuno. Ukiwa nazo hizo tu, zitumie, ila punguza kuzivuruga. Zile za vipaketi, zilizokwisha kutiwa sukari na ladha, ziache hukohuko.

Nusa kabla ya kutumia. Oti zina mafuta mengi kuliko ngano, kwa hiyo paketi iliyokaa kwenye duka lenye joto huanza kutoa harufu ya karanga za zamani, na harufu hiyo haiondoki kwa kuoka. Zikiwa nzuri, zikaange kikaangoni bila mafuta dakika tano, ukizigeuza, mpaka jikoni kunukie. Watu huiruka hatua hii. Mimi siiruki, kwa sababu unyevu wa oti hutoka hapohapo na ladha huongezeka maradufu. Ziache zipoe.

Sasa vipimo, kwa trei ya sentimita 20 kwa 20: unga wa ngano gramu 180, oti gramu 150, sukari ya kahawia gramu 130, siagi gramu 170, chumvi nusu kijiko cha chai, beking pauda nusu kijiko cha chai, na iliki au ganda la limao upendavyo. Asiye na mizani ahesabu kikombe kimoja na nusu cha unga, kimoja na nusu cha oti, na karibu theluthi mbili ya kikombe cha sukari iliyoshindiliwa, lakini ukioka mara kwa mara, mizani nunua. Chumvi usiidharau, bila chumvi utamu wa jamu na wa sukari hugongana na kuwa kitu kimoja kisicho na kichwa wala miguu.

Kuhusu siagi kuna jambo la kusema wazi. Sokoni tunaita siagi vitu viwili tofauti. Siagi halisi, ya maziwa, ina mafuta asilimia 80 hivi, na karibu yote iliyobaki ni maji. Ile laini ya kopo, ya kupaka mkate, ni majarini, na baadhi yake ina maji mengi zaidi ya hapo. Soma kopo. Ukiona mafuta yako chini ya asilimia 70, chenga zako zitatoka laini kama keki. Kama siagi halisi ni ghali, geukia samli. Samli karibu haina maji, na gramu 140 zake zinafanya kazi ya gramu 170 za siagi. Samli na iliki pamoja na jamu ya embe hutoa harufu ya jikoni la sikukuu, na kwa maoni yangu vipande vya samli huzidi vya siagi kwa ukavu na kwa kukaa muda mrefu.

Iwe siagi iwe samli, shida ya pwani ni joto. Siagi huyeyuka kwenye nyuzi 32 hadi 35, na Januari jikoni Dar es Salaam hufika huko bila kuwasha moto. Siagi ikiyeyuka kabla ya kuoka, hupati chenga, unapata tope. Kwa hiyo igandishe kwenye friza, kisha ikwaruze kwa kile kikwaruzo cha karoti moja kwa moja juu ya unga, ukishika kipande kwa karatasi yake ili kiganja kisikipashe. Changanya kwa ncha za vidole, ukiinua na kuachia, mpaka nyuzi za siagi zote zimevikwa unga. Kisha bana konzi moja. Ikishikana, halafu ikavunjika ukiigusa kwa kidole, acha. Ukiona inang'aa mafuta, peleka bakuli zima kwenye friji nusu saa, usiongeze unga.

Kuoka

Paka trei siagi, tandika karatasi ya kuokea iliyozidi pande mbili ili ije kuwa vishikio. Theluthi mbili za mchanganyiko zimwage, zisawazishe, zishindilie kwa kitako cha bilauri mpaka uso uwe kama sakafu, hasa pembeni na kwenye kona. Theluthi iliyobaki rudisha kwenye friji.

Oka kitako peke yake kwanza, nyuzi 180, dakika kumi na tano hadi kumi na nane, mpaka kingo zianze kubadilika rangi. Hili ndilo lililonipotea siku ile ya Idi. Unga mbichi ukifunikwa kwa jamu hauwezi kukauka tena, hata ukiuoka mpaka juu kuungue. Kikitoka, nyunyizia vijiko viwili vya chakula vya oti ulizozisaga au kuzitwanga kuwa unga. Oti hizi chache hunywa maji yoyote yatakayotoka kwenye jamu, na mlaji hatajua zipo.

Tandaza jamu gramu 300 kwa mgongo wa kijiko, ukiacha nusu sentimita kila upande. Jamu inayogusa bati huungua, hugandia, na kukusumbua wakati wa kutoa. Usishawishike kuongeza. Tabaka nene la jamu linavutia machoni, lakini ndilo linaloteleza pale unapong'ata.

Toa mchanganyiko wa friji. Bana konzi mkononi, ufungue, uvunje vipande vya ukubwa wa harage, vingine vya ukubwa wa punje ya hindi, uvidondoshe juu ya jamu. Usisawazishe na usishindilie. Acha jamu ichungulie hapa na pale, maana katika matundu hayo ndimo mvuke utatokea. Rudisha ovenini dakika thelathini hivi. Dalili za kuiva ni mbili na zote zionekane: jamu inachemka polepole kwenye kingo, na chenga zina rangi ya andazi lililoiva. Chenga zikiwahi kukolea kabla jamu haijachemka, shusha trei chini. Umeme ukikatika katikati, usifungue mlango. Oveni iliyokwisha kupata moto huendelea kuoka kwa muda, na mara nyingi hiyo hutosha kumalizia.

Wasio na oveni wasione wametengwa. Mama mkubwa huoka kwa kupalia moto, makaa chini na juu, na vipande hivi vimetoka kwake vizuri kuliko kwenye oveni yangu. Chukua sufuria pana na nzito, tandaza mchanga mkavu unene wa vidole viwili, weka mawe matatu madogo ya kukalishia trei ya duara isiguse mchanga. Funika kwa mfuniko bapa wa chuma au sinia zito. Moto wa juu uwe mara mbili ya wa chini. Wengi hugeuza hili, wakaunguza kitako huku chenga zikiwa nyeupe. Tumia makaa yaliyokwisha kukolea, yasiyotoa moshi, na fanya kazi hii uani au barazani, usifanye chumbani wala jikoni penye madirisha yaliyofungwa, kwa sababu hewa ya makaa huua bila kunuka. Ipashe sufuria dakika kumi ikiwa tupu. Ukitaka kupima, tia kijiko cha unga kwenye kipande cha bati, ukiweke ndani: ukigeuka rangi ya mchanga wa pwani baada ya dakika tano hivi, moto unafaa. Ukifunua, inua mfuniko wima, usiuinamishe, majivu yasimwagikie chakula. Mama mkubwa hufunga kwanza kitambaa kibichi kwenye mpini, kisha huunyanyua taratibu kama anayetoa mtungi kisimani.

Kukata na kutunza

Vikitoka motoni vitakuwa laini na utadhani umekosea. Hujakosea. Jamu bado haijashika na siagi bado ni mafuta. Viache ndani ya trei saa mbili, mahali penye hewa, bila kufunika, maana mvuke ukikutana na mfuniko hurudi kuwa maji juu ya chenga zako. Kisha ikiwa una friji, vitie saa moja. Nyanyua karatasi kwa vile vishikio, weka juu ya ubao, na kata kwa kisu kirefu ukibonyeza wima mara moja. Usipeleke kisu mbele na nyuma kama msumeno. Futa kisu kila mkato. Ukigawa kila upande mara nne unapata vipande 16 vya sentimita tano kwa tano, na kila kimoja kina uzito wa gramu 55 hivi, jambo la kujua kwa anayeuza.

Hewa ya pwani ina unyevu, na chenga huunywa. Kwenye kopo linalofunga vizuri vinakaa siku tatu, kwenye friji wiki moja, kwenye friza miezi miwili vikiwa vimetenganishwa kwa karatasi. Vikilegea, virudishe ovenini dakika tano bila kufunika, vitakauka tena.

Ukioka usiku, usikate usiku huohuo, hata watoto wakilia. Geuza bakuli katikati ya beseni lenye maji kidogo, kalisha trei juu yake ili sisimizi wasipande, funika kwa kitambaa chepesi baada ya kupoa, ukalale. Kata asubuhi, chai ikiwa jikoni.